Lamwaka na Pazia la Tausi Wawili

Sisi tuliokaa kambi ya polisi ya Naguru zamani za nyumba za mabati tulijua kukohoa. Mtu wa nyumba ya matofali hukohoa akishikwa na mafua. Sisi tulikohoa kwa heshima.

Nyumba zetu zilikuwa za mviringo, bati tupu kuanzia chini mpaka juu, na mlango wake mfupi ulimlazimu kila mtu kuinama. Ndiyo maana watu waliziita mama-ingia-pole. Nyumba moja ilibeba familia mbili. Katikati tulitundika pazia, na pazia hilo ndilo lilikuwa ukuta, ndilo mpaka, ndilo mlango wa jirani.

Upande wa kulia ukiingia tulikaa sisi: mimi, mume wangu konstebo Ogutu, na binti yetu Awiti. Upande wa kushoto alikaa Sajini Okwera, Mwacholi, mwalimu wa kwata, pamoja na mkewe Rukiah na binti yao mmoja, Lamwaka. Pazia lilikuwa langu. Lilikuwa shuka jeupe nililolidarizi mwenyewe nikiwa msichana kwetu Lwakhakha, tausi wawili wanatazamana, nikiliandaa kwa kitanda cha ndoa. Nilipofika Naguru nikakuta kitanda kina shuka la serikali na nyumba haina ukuta. Nikalitundika.

Sheria ya pazia hakuna aliyeiandika, lakini kila mke wa polisi alifundishwa wiki ya kwanza. Ukitaka kusema na upande wa pili, kohoa. Wao wakikohoa, sema. Wasipokohoa, wamelala, au wanataka uamini wamelala. Na lile unalolisikia bila kukohoa, hukulisikia. Mume akimfokea mkewe, hukusikia. Mtu akilia, hukusikia. Asubuhi mnakutana bombani, mnasalimiana, mnasaidiana kutwishana ndoo.

Nimeanza na pazia kwa sababu habari za Lamwaka huwezi kuzieleza bila hilo.

Mtoto huyo alizaliwa upande ule wa shuka. Jumapili baba yake alimpeleka misa. Ijumaa mama yake alimfunga mtandio wakaenda msikitini. Naye akaona ni sawa tu, kama mtu mwenye magauni mawili. Sikukuu ya Idi sahani ya pilau ilipita chini ya pazia kuja kwetu, na Krismasi mapaja ya kuku yalipita chini ya pazia kwenda kwao. Nyumbani kwao walisema Kiswahili chetu cha kambini, maana Rukiah alikuwa Mnubi wa Bombo asiyejua Kiacholi, na Okwera hakujua Kinubi. Walikutana katika lugha ya amri wakaifanya lugha ya mapenzi. Mungu ana njia zake.

Miaka ikapita. Nyumba za mabati ziliondolewa. Mume wangu aliitwa na Mungu, na Rukiah naye baada yake, tukatawanyika. Mimi nilihamia Kasubi, nashona sare za shule na mapazia. Okwera alistaafu akapata kazi ya ulinzi kwenye lango la shule moja ya msingi, huku huku Kasubi, na kila Ijumaa anawafundisha watoto kutembea kwa mstari. Lamwaka alijifunza kamera. Sasa ana miaka thelathini na mmoja, mrefu kama baba yake, kichwa amenyoa karibu upara, na anafanya kazi Nateete na Guerschom, Mkongo mwenye tumbo la kutosha na studio ndogo ya kupiga video za harusi.

Harusi ndizo zilizoanzisha haya. Mpiga video hana pa kujificha. Kila mtu anamuuliza jina, na akitaja jina anaulizwa kwao ni wapi. Siku moja walipiga sherehe ya Waacholi. Bibi mmoja aliposikia anaitwa Lamwaka alimshika mikono miwili, akamsemesha Kiacholi maneno mengi, matamu kwa jinsi yalivyosikika. Lamwaka akajibu kwa Kiswahili kwamba haelewi. Meza nzima ikacheka.

"Kumbe huyu ni Mwacholi wa mabati," akasema mmoja.

"Walicheka bila ubaya, bambi, masikini," Lamwaka aliniambia baadaye. "Mimi mwenyewe nilicheka. Ila kamera ilitikisika. Ukitazama ile video, bibi harusi anakata keki kama kuna tetemeko la ardhi."

Pale Nateete kuna kikundi cha wasanii waliokodi ghala la zamani la kahawa. Alikuwa akiwapigia video za kazi zao, mpaka wakamwambia, na wewe fanya yako. Ndipo akaja kwangu Kasubi, akakaa kwenye kigoda karibu na cherehani.

"Mama Awiti, lile shuka bado lipo?"

"Shuka lipi?"

"La tausi."

"Lipo. Tausi mmoja panya amemla mkia."

"Nipe hivyo hivyo."

Nikamuuliza la nini. Akasema anatengeneza kazi. Nikamuuliza ni sinema. Akasema si sinema. Nikasema, basi ni mchezo wa kuigiza, kama ule wa vijana wa parokia. Akasema nao si huo.

"Najenga mama-ingia-pole ndani ya ghala," akasema. "Nimeshapata mabati ya zamani kwa wauza chuma chakavu. Katikati natundika pazia. Watu wengine wanakaa kulia, wengine kushoto. Mimi niko nyuma ya shuka dogo kwenye kona, wananiona kivuli. Video inaangaza juu ya tausi zako. Halafu nafanya sauti za nyumba yetu, zote, kama nilivyozisikia."

"Na mwisho wake ni nini?"

"Hauna mwisho. Inazunguka. Mtu akitosheka, anatoka."

"Hata mahubiri ya padre wetu hayana mwisho," nikamwambia, "lakini sisi hatutoki."

Alicheka mpaka akashika ukuta. Kisha akaniambia jambo nililolibeba tangu siku hiyo. "Watu wananiuliza mimi ni wa wapi, nami natafuta kijiji, natafuta kabila, natafuta dini. Mama Awiti, mimi ni wa lile pazia. Nataka nilitundike mahali, watu waingie ndani waone kwetu."

Nikampa shuka. Nikampa na pini zake.

Wiki mbili baadaye aliniita nione majaribio. Niliinama kwenye mlango ule mfupi wa bati, na mgongo wangu ukakumbuka wenyewe. Guerschom akawasha mashine ya kurusha picha. Juu ya shuka akatokea Lamwaka akiingia kwenye mlango kama ule niliotoka kuuingia. Aliingia amevaa gauni la gomesi akatoka na mtandio wa mama yake. Aliingia na mtandio akatoka na koti la wapiga picha. Aliingia tena, akatoka, kila mara mtu mwingine na kila mara ameinama vilevile. Sare ya baba yake hakuivaa. Mtoto wa polisi anajua raia haruhusiwi.

Kisha zikaanza sauti, kutoka kwenye kivuli kile cha kona. Nilimsikia marehemu Ogutu akiuliza brashi ya viatu iko wapi, swali aliloliuliza kila asubuhi ya ndoa yetu. Nilimsikia Rukiah akiomba dua kwa sauti ya chini, nikajikuta nimeitikia amina. Nilijisikia mimi nikisali rozari, pamoja na miayo ninayopiga kabla ya fungu la nne. Nilicheka nikaona haya. Nilikuwa nadhani miayo ile aliijua Mungu peke yake.

Alifuata Sajini Okwera. Mguu sawa. Nyuma geuka. Amri aliyowapa makuruta uwanjani na kumpa mtoto mezani. Nilikuwa bado natabasamu sauti ilipobadilika, ikawa kilio. Kilio cha mwanaume, kimebanwa na blanketi, na ndani yake maneno ya Kiacholi, moja baada ya moja, marefu.

Nilisimama.

"Hilo hukulisikia," nilimwambia Lamwaka.

Kivuli kikajibu. "Nililisikia, Mama Awiti."

"Sote tulilisikia. Ndiyo maana hatukulisikia."

Inafaa nieleze. Mwaka elfu mbili na tatu, wakati vita viko kaskazini, ndugu yake Okwera alifika langoni pa kambi usiku mmoja na habari. Mama yake Okwera alikuwa amefia njiani akikimbilia kambi ya wakimbizi, na wapita njia walikuwa wamekwisha kumzika. Barabara haikupitika. Na asubuhi iliyofuata Okwera alikuwa na gwaride la kumaliza mafunzo, makuruta mia tatu wanamngoja yeye. Alfajiri, kabla ya tarumbeta, alilia upande wake wa pazia. Sisi upande wetu tulilala macho wazi. Jua lilipotoka alivaa, akaenda, akapiga amri mpaka madirisha yakatetemeka. Tangu siku ile hakuna aliyelitaja. Mimi na Ogutu hatukulitaja hata sisi wawili.

Lamwaka alitoka nyuma ya shuka, akakaa chini sakafuni.

"Nilikuwa na miaka tisa," akasema. "Baba hajawahi kuniambia neno la Kiacholi, wala kabla wala baada. Maneno yale tu ndiyo niliyo nayo. Nayajua yote kwa mpango wake, kama sala, na sijui maana ya hata moja. Yule bibi wa harusi aliponisemesha, ni hayo yaliyonijia mdomoni. Nikaogopa kuyatoa, pengine ni maneno ya msiba kwenye keki ya watu."

Nikamuuliza kama amemwambia baba yake. Akasema anaogopa. Akasema, tungeenda wote.

Tulikwenda Jumapili baada ya misa. Okwera anakaa kwenye chumba kidogo pembeni ya lango la shule, kitanda kimetandikwa utadhani mkaguzi anakuja, viatu vinang'aa mstarini. Alitupa chai. Lamwaka akamwekea video ya majaribio kwenye simu. Mzee akavaa miwani, akaisogeza mbali, akaisogeza karibu.

Mwanzo alifurahi kabisa. Alipomsikia Ogutu na brashi yake alijipiga goti kwa kicheko. Alipojisikia mwenyewe akitoa amri alitikisa kichwa.

"Hiyo haijatoka tumboni," akasema. "Wewe unatoa kooni. Kuruta hawezi kugeuka kwa sauti hiyo, atakuuliza kama unaumwa."

"Nitarudia, Baba."

Kisha kikafika kilio. Nilimtazama Okwera usoni, na niliona uso ukifungwa kama duka.

"Zima."

Lamwaka alishika simu lakini kidole hakikutii haraka.

"Lamwaka, zima hicho kitu." Akasubiri izimwe. "Nani mwingine ameona?"

"Mama Awiti. Na Guerschom."

"Mkongo."

"Ndiyo, Baba."

"Kwenye karatasi za tangazo umeandika jina gani?"

"Lamwaka Okwera."

Alivua miwani akaikunja. "Ukionyesha hilo, ondoa Okwera. Tafuta jina lingine, yapo mengi. Nyumba yangu haina mtu anayepeleka kilio cha ndani sokoni."

"Mimi sina nyumba nyingine," Lamwaka akasema, taratibu sana.

Baba yake alikwisha kusimama, ameshika kofia. Alitufungulia lango. "Mtachelewa gari," akasema, ingawa mimi naishi mwendo wa dakika kumi kwa miguu na alilijua hilo.

Siku zilizofuata nilimwona msichana akikonda. Maonyesho yalikuwa Jumamosi na Jumapili ile inayokuja, karatasi zimebandikwa Nateete nzima na jina lake zima juu yake. Nilikwenda kumtia moyo studio nikakuta wanabishana, yeye na Guerschom, katikati ya waya.

"Ukitoa kile kilio, dada, tunabaki na vichekesho," Guerschom alikuwa akisema. "Watu watacheka, watakunywa soda, watakwenda zao. Ile ndiyo roho ya kazi."

"Ile ni roho ya mtu," Lamwaka akajibu.

"Basi badilisha jina. Wasanii wote wanabadilisha majina."

"Guerschom, kazi nzima inauliza mimi ni nani. Nianze kwa kudanganya jina?"

Guerschom akafungua soda. Lamwaka akageukia kwangu, ingawa nadhani alikuwa akijiambia mwenyewe. Alisema hatalia kilio cha baba yake. Ila nafasi yake hataijaza na kitu kingine. Mwanga utabaki juu ya shuka, tausi wanatazamana, na yeye atakaa kimya kwa urefu ule ule wa kilio, dakika nne.

"Dakika nne kimya, hapa Kampala?" Guerschom akasema. "Watu watadhani mashine imekufa. Watawasha simu waanze kutafuta viatu."

"Wakae kimya basi. Na sisi tulikaa."

Nilirudi nyumbani nikasali. Sikujua niombe nini hasa. Baba ana haki ya machozi yake, na mtoto ana haki ya lugha yake, na zote mbili zilikuwa zimefungwa katika kitambaa kimoja, nami ndiye mwenye kitambaa. Alhamisi nikatia odii kwenye chupa, ile rojo ya ufuta na karanga anayoipenda Okwera, nikaenda shuleni. Watoto walikuwa darasani. Alikuwa kwenye benchi lake langoni.

"Karibu, shemeji," akasema. Akaipokea chupa, akaifungua, akanusa, akaifunga. Ndipo nikafanya kitu ambacho nilikuwa sijakifanya tangu tuhame kambini. Nilikohoa.

Alinitazama. Gari la mchanga likapita, vumbi likatulia. Kisha naye akakohoa, kikavu, kwa adabu.

"Mimi na Ogutu tulisikia," nikasema. "Asubuhi ile. Tulisikia yote."

"Najua."

"Unajua vipi?"

"Nilipotoka kwenda gwarideni nilikuta viatu vyangu mlangoni vimepigwa rangi. Sikuwa nimevipiga. Ogutu alipiga vyangu kwanza, vyake akaenda navyo na tope. Akaandikwa na afande kwa uchafu." Alifuta kifuniko cha chupa kwa kidole. "Hakusema, sikusema."

Ndoa ya miaka ishirini na mbili, na hilo Ogutu hakuniambia. Ilinibidi nitazame pembeni.

"Shemeji," nikasema, "mimi toka siku ile namwombea mama yako kila jioni. Nikifika kwa marehemu nasema, na mama wa Okwera. Jina sijui. Nilishindwa kukuuliza, maana kuuliza ni kukiri nilisikia. Na mtoto wako yuko hivyo hivyo. Ana kilio, hana jina la mwenye kilio. Hakukipeleka sokoni. Amekitunza toka miaka tisa."

Nikamwambia kwamba Lamwaka ameshakiondoa kwenye kazi yake, na jina ameliacha lile lile, na kwamba siku ya maonyesho mahali pale patakuwa kimya. Saa yake ikalia. Akasimama, akaenda kugonga kengele ya mapumziko, na watoto wakamwagika uwanjani kama mtama. Kwenye zile kelele sikusikia kama aliniambia kwaheri.

Jumamosi saa kumi ghala lilikuwa limejaa. Walikuja wasanii wenye nywele za kila rangi, walikuja majirani wa Nateete, walikuja na wanawake wanne tuliokaa nao Naguru, ambao waliona mlango ule wa bati wakaanza kusukumana kwa kicheko. "Mama, ingia pole," wakaambizana. Watu waliingia ishirini ishirini. Mimi nilikaa kushoto, upande aliokuwa akilala Lamwaka, nione walivyokuwa wakituona.

Kazi ilianza. Mlango ukaingiwa na kutokwa. Brashi ya Ogutu, watu wakacheka. Dua ya Rukiah, wakatulia. Miayo yangu, wale wanne wa Naguru wakanigonga mbavu. Zikafuata amri za kwata, na safari hii zilitoka tumboni, mpaka mtu mmoja nyuma akakaza mabega bila kujua.

Kisha ukaja ukimya. Mwanga mweupe, tausi wawili, mmoja hana mkia. Kivuli cha Lamwaka kimekaa, magoti kifuani, saizi ya mtoto wa miaka tisa. Dakika ya kwanza watu walistahimili. Dakika ya pili mtu akawasha simu, mwenzake akamzimia. Sikuwa najua ukimya una uzito hivyo. Nilishika rozari ndani ya mkoba.

Upande wa pili wa pazia, upande wa kulia, mtu akakohoa.

Wageni wengi walidhani mtu ana mafua. Wale wanne wa Naguru walinyooka. Nami nilikijua kikohozi kile kabla hakijaisha.

Kivuli kilikuwa kimeinua kichwa. Lamwaka alijua sheria kuliko sisi sote. Alizaliwa ndani yake. Asipokohoa, amelala, na upande wa pili utanyamaza milele. Niliona mabega ya kivuli yakipanda na kushuka. Kisha akakohoa, kidogo, kama mtoto.

Okwera akaanza kusema. Alisema Kiacholi, bila kulia, kwa sauti ambayo sikuwahi kuisikia kwake, ya mtu anayeongea na mkubwa wake anayempenda. Yalikuwa maneno yale yale. Sikuyajua maana lakini nilijua mwendo wake, na niliona midomo ya kivuli ikitembea pamoja nayo, neno kwa neno. Alipomaliza alipumua, akageukia Kiswahili.

"Haya nilimwambia mama yangu. Jina lake ni Alanyo. Nilimwambia, sikufika, barabara imefungwa. Nilimwambia, nina mtoto, umemwacha hujamwona. Nilimwambia asinikasirikie. Lugha ile siku hizo iliniletea habari za vifo tu. Nikaona mtoto nimkinge nayo. Sikujua amekwisha kuishika."

Kisha ikaja sauti ya mwalimu wa kwata, ile ile, ila imeshushwa ifae ndani ya nyumba.

"Sasa tutasema pamoja. Mimi mbele, wewe nyuma. Polepole."

Akasema fungu moja. Lamwaka akalirudia nyuma ya shuka lake. "Tena," akasema baba yake. Akalirudia. Akampa maana yake, akaenda fungu la pili. Hivyo hivyo mpaka mwisho, kama anayempitisha kuruta daraja jembamba. Dakika nne zilikuwa zimepita zamani na Guerschom hakugusa mashine. Alikuwa ameketi sakafuni na mkono mdomoni.

Walipomaliza, nilitoka nikamkuta Okwera nje ya kibanda akikagua mabati. Alikuwa amevaa suti yake ya misa. Kumbe aliingia na kundi letu, akipitia kulia, akakaa pale pale alipokuwa akilala Ogutu. Alimwita Guerschom kwa kidole.

"Wewe Mkongo. Hizi ripiti za kushikia mabati umezipanga vibaya. Upepo ukija wa Naguru hasa, nyumba hii inalala chini."

"Ndani ya ghala hakuna upepo, mzee."

"Zipange vizuri hata hivyo."

Lamwaka alitoka akiwa ameinama, akanyooka mbele yake. Macho yake yalikuwa mekundu. Hawakukumbatiana; hawajazoea. Baba yake alitazama karatasi ya tangazo iliyobandikwa ukutani, akalisoma jina lote, Lamwaka Okwera, akagandamiza pembe moja iliyokuwa imebanduka.

"Desemba nikipata ruhusa tutakwenda," akasema. "Kaburi liko karibu na barabara, nilionyeshwa vita vilipoisha. Uje na hicho kimashine chako."

"Sawa, Baba."

"Na kesho mnaanza saa ngapi?"

"Saa kumi. Lakini Baba, si lazima urudi, nitaweza..."

"Saa kumi kasoro dakika tano nitakuwa hapa," akasema, akavaa kofia.

Alikuja. Viatu vinang'aa, amebeba mfuko wa ripiti mpya. Alikohoa kwa wakati wake makundi yote sita ya Jumapili ile, na kila mara binti yake akajibu. Lilipofika kundi la mwisho, hakuhitaji kumtangulia tena.

Shuka langu sijarudishiwa, wala sijalidai. Jioni nikifika kwa marehemu, sasa nasema Alanyo.